Shajara ya mradi: Ukoo wa Cavendish na cheo cha Duke wa Devonshire

Tarehe 6 Januari

Leo nimeuanza rasmi mradi ambao nimekuwa nikiuahirisha tangu nilipostaafu: kuandika kwa Kiswahili historia ya ukoo wa Cavendish wa Uingereza, ukoo ambao mkuu wake tangu mwaka 1694 huitwa Duke wa Devonshire. Kwa miaka 27 nilisomesha historia katika shule za sekondari za Pwani ya Kenya, na kila mwaka tulipofika kwenye Waraka wa Devonshire wa mwaka 1923, tamko la serikali ya Uingereza kuhusu Kenya, alitokea mwanafunzi aliyeinua mkono na kuuliza huyo Devonshire alikuwa nani. Nilimjibu kwa sentensi moja, kwamba alikuwa Waziri wa Makoloni wa Uingereza, kisha nikaendelea na vifungu vya waraka, kwa kuwa mtihani haukuuliza zaidi ya hapo. Lilikuwa jibu la kweli lakini fupi mno, na naona nina deni kwa wale wote waliouliza.

Nimepanga kijitabu cha sura saba. Kazi ya leo imekuwa ni ya istilahi tu. Vyeo vya makabaila wa Uingereza vina daraja tano, na nimeamua kuviandika hivi kutoka juu kwenda chini: Duke, Markizi, Erli, Vaikaunti na Baroni. Neno Duke limezoeleka redioni na magazetini, kwa hiyo sikuligusa. Mengine nimeyapa irabu ya mwisho ili msomaji asijikwae. Jambo la kumweleza msomaji mapema ni kwamba cheo hicho hushikwa na mtu mmoja kwa wakati mmoja, na akifa humwendea kifungua mimba wake wa kiume. Wadogo zake na dada zake hubaki na majina ya heshima tu. Kifungua mimba naye, wakati baba yake yu hai, kwa kawaida huitwa Markizi wa Hartington kwa adabu, ingawa kisheria cheo hicho bado ni cha baba.

Tarehe 9 Januari

Nimeandika ukurasa mmoja wa jiografia, kwa sababu jina la cheo linapotosha. Devonshire ni jimbo la kusini-magharibi mwa Uingereza, lakini makao ya ukoo huu yako Derbyshire, katikati ya nchi, penye bonde la mto Derwent na jumba la Chatsworth. Cheo cha Erli wa Derby kilikuwa tayari mikononi mwa ukoo mwingine, wa Stanley. Msomaji akilishika hili mwanzoni, hatautafuta ukoo wa Cavendish mahali ambapo haupo.

Tarehe 17 Januari

Sura ya kwanza imekamilika katika rasimu. Jina Cavendish ni la kijiji cha Suffolk, mashariki mwa Uingereza. Mtu wa kwanza wa jina hilo aliyepata umaarufu ni Sir John Cavendish, jaji mkuu wa mahakama ya mfalme, aliyekatwa kichwa na wakulima walioasi mwaka 1381. Huyo nimempa aya moja. Msingi wa mali uliwekwa zaidi ya karne moja na nusu baadaye na Sir William Cavendish, ofisa aliyefanya kazi katika idara iliyosimamia mali za nyumba za watawa zilizofungwa kwa amri ya Mfalme Henry wa Nane. Ardhi iliyokuwa ya kanisa kwa mamia ya miaka iliingia sokoni kwa ghafla, na maofisa waliokuwa wakiihesabu walikuwa miongoni mwa wa kwanza kuipata. Nimeliandika hilo waziwazi, kwa kuwa msomaji ana haki ya kujua kwamba milki hii kubwa haikuanza kwa jembe wala kwa biashara.

Mwaka 1547 Sir William alimwoa Elizabeth Hardwick, ambaye historia inamkumbuka kwa jina la Bess wa Hardwick. Mwaka 1549 wakanunua Chatsworth kwa pauni 600, huko kwao mke. Nimekusudia sura ya pili yote iwe ya mwanamke huyu.

Tarehe 26 Januari

Wiki nzima nimekuwa na Bess, na bado sijamaliza. Alizaliwa katika familia ya makabaila wadogo wa Derbyshire, akaolewa mara nne, na kila ndoa ilimwacha na mali zaidi ya iliyotangulia. Cavendish alikuwa mume wa pili, na ndiye pekee aliyezaa naye: watoto wanane, sita kati yao wakakua. Mume wa nne, Erli wa Shrewsbury, alikuwa miongoni mwa matajiri wakubwa wa Uingereza, na kuanzia mwaka 1569 alipewa na Malkia Elizabeth kazi ya kumlinda Malkia Mary wa Scotland, mfungwa wa heshima ambaye mara kadhaa aliwekwa Chatsworth. Ndoa ile ilivunjika kwa ugomvi mkubwa. Bess alipobaki mjane kwa mara ya mwisho mwaka 1590 alikuwa ameshaanza ujenzi wa jumba jipya kabisa, Hardwick Hall, lililokamilika mwaka 1597, lenye madirisha mapana ya kioo wakati kioo kilikuwa anasa, na juu ya minara yake herufi za jina lake zikichongwa kwa mawe ili wapita njia wazione.

Kilichonishika zaidi ni hati zake. Sir William alikuwa ameiandikia Chatsworth masharti: Bess aitumie maisha yake yote, kisha iende kwa kifungua mimba wao wa kiume, Henry. Baadaye mama na mwana walikosana, Bess akamkata Henry katika wosia wake na kumpa mtoto wa pili, William, kila alichoweza kumpa. Lakini Chatsworth hakuweza kumnyima Henry, kwa sababu hati ya marehemu mumewe ilikuwa na nguvu kuliko hasira yake. Bess alifariki mwaka 1608. Henry akairithi Chatsworth, na mwaka uliofuata akaiuza kwa ndugu yake William. Kama Henry asingeuza, au kama William asingekuwa na fedha, Chatsworth ingekuwa na historia nyingine kabisa.

Hapa ndipo nilipoona uti wa mgongo wa kitabu changu. Nilikuwa nimepanga kuandika habari za watu, mmoja baada ya mwingine. Sasa naona kwamba lililoushikilia ukoo huu kwa zaidi ya miaka 400 ni karatasi: wosia, mikataba ya ndoa, hati za kuifunga mali isiuzwe. Watu walikuwa wema au wabaya, werevu au wapotevu, na karatasi ziliwatangulia na kuwasubiri.

Tarehe 29 Januari

Nasahihisha kosa langu. Katika rasimu niliandika kwamba Duke wa kwanza alikuwa kitukuu wa Bess. Nimehesabu upya. William mtoto wa Bess alipewa cheo cha Baroni mwaka 1605 na cha Erli wa Devonshire mwaka 1618, wakati ambapo Mfalme James wa Kwanza alikuwa akitoa vyeo kwa fedha. Mjukuu wa Bess alikuwa Erli wa pili, kitukuu alikuwa Erli wa tatu, na kilembwe ndiye Erli wa nne aliyekuja kuwa Duke wa kwanza. Kiswahili kimenisaidia hapa kwa kuwa na neno kwa kila kizazi, na nimeamua kuyatumia maneno hayo katika kitabu kizima badala ya kuhesabu kwa tarakimu.

Erli wa pili na wa tatu walifundishwa na Thomas Hobbes, mwanafalsafa wa siasa, aliyeishi na ukoo huu kwa miongo mingi na kufia Hardwick mwaka 1679. Ningependa kukaa naye zaidi, lakini kitabu si chake.

Tarehe 4 Februari

Sura ya tatu: jinsi Erli alivyokuwa Duke. William, Erli wa nne, alikuwa mtu wa hasira na mpinzani wa Mfalme James wa Pili. Mwaka 1687 alitozwa faini ya pauni 30,000 kwa kumpiga mtu mmoja katika viwanja vya kasri la mfalme. Alirudi Derbyshire, akaanza kuijenga upya Chatsworth kwa mtindo mkubwa, na tarehe 30 Juni 1688 akawa mmoja wa watu saba waliomwandikia William wa Orange, mtawala wa Uholanzi, wakimwalika aje na jeshi. Barua hiyo ilitiwa sahihi kwa nambari za siri, kwa kuwa ingekamatwa ingekuwa ushahidi wa uhaini. William alikuja, James akakimbilia Ufaransa, na tarehe 12 Mei 1694 mfalme mpya akamlipa Cavendish kwa cheo cha Duke.

Kwa hiyo hata cheo chenyewe kimetokana na karatasi moja iliyotiwa sahihi kwa kuhatarisha kichwa.

Tarehe 13 Februari

Nilikwama kwa siku sita kwenye jambo moja la sheria, na lazima nilieleze vizuri kwa sababu sura zote zinazofuata zinalitegemea.

Katika karne ya 17 mawakili wa Uingereza walibuni hati ya kuifunga mali ya ukoo. Kijana mrithi anapofika utu uzima, mara nyingi karibu na kuoa, baba na mwana hutia sahihi pamoja kwamba mali yote itatumiwa na baba maisha yake, kisha na mwana maisha yake, kisha iende kwa kifungua mimba wa kiume atakayezaliwa na huyo mwana. Kuanzia hapo hakuna anayeweza kuuza. Anayeonekana kuwa tajiri mkubwa wa nchi kwa kweli anakula mapato tu, na shina si lake. Sheria ya Uingereza haikukubali mali ifungwe milele, kwa hiyo kila kizazi kililazimika kuketi tena na kuandika upya, na kijana aliyekubali kutia sahihi alipewa posho ya mwaka.

Tatizo langu lilikuwa neno la kumwita mtu huyo anayekula mapato bila kuwa na haki ya kuuza. Nilijaribu mpangaji wa maisha, lakini hilo humfanya msomaji afikirie kodi ya nyumba. Nilikwenda kumwona mzee mmoja wa Mji wa Kale ambaye alikuwa karani wa mahakama ya kadhi kwa muda mrefu, nikamwamkia na kumweleza habari yote. Alinisikiliza mpaka mwisho, kisha akasema, “Mwalimu, mbona hayo ni mambo ya wakfu wa dhuria? Mzee ameifunga nyumba, wanawe waketi na wajukuu waketi, asiuze mtu. Huyo unayemtafutia jina ni mwenye zamu.”

Nimelichukua neno hilo. Mwenye zamu ndiye atakayetajwa katika kitabu chote.

Mzee akaniongezea jambo ambalo sikulitarajia. Alinikumbusha kwamba mwaka 1894 Baraza la Faragha la London, mahakama ya mwisho ya rufaa kwa makoloni, liliamua katika kesi kutoka India kwamba wakfu uliowekwa kwa ajili ya dhuria, huku maskini wakiachiwa fungu la mbali lisiloonekana, si wakfu halali. Uamuzi huo ulitumiwa pia kwa Waislamu wa Afrika Mashariki, na mwanzoni mwa miaka ya 1950 baraza hilohilo likaushikilia katika rufaa iliyotoka huku kwetu. Ni kweli kwamba mambo mawili haya hayalingani kabisa. Wakfu ni wa milele na una nia ya ibada, na wa dhuria waweza kuwafaa mabinti na watoto wote, ilhali hati ya Kiingereza ilifungwa kwa kizazi kimoja kimoja na kumlenga mwana mmoja. Hata hivyo, sioni namna ya kuandika habari za majumba ya Derbyshire yaliyohifadhiwa kwa hati za ukoo bila kusema kwamba familia za Pwani zilizotaka kuhifadhi nyumba zao kwa njia yao ziliambiwa na mahakama ya London kwamba haiwezekani. Aya hiyo imeingia.

Tarehe 25 Februari

Sura ya nne ni ya karne ya 18. Duke wa kwanza hadi wa saba wote waliitwa William, na rasimu yangu ya mwanzo ilikuwa haisomeki kwa ajili hiyo. Sasa nawataja kwa nambari tu. Duke wa Pili alikusanya picha na michoro ya mabingwa wa Ulaya. Wa Tatu aliwakilisha taji huko Ireland. Wa Nne alikuwa Waziri Mkuu wa Uingereza kwa miezi michache, kutoka Novemba 1756 hadi katikati ya mwaka 1757, lakini kwa ukoo tendo lake kubwa lilikuwa ndoa yake ya mwaka 1748 na Charlotte Boyle, mrithi wa Erli wa Burlington. Binti huyo alileta Chiswick na Burlington House za London, Bolton Abbey na Londesborough za Yorkshire, na kasri la Lismore nchini Ireland pamoja na ardhi yake. Alifariki akiwa na umri wa miaka 23. Katika jedwali la ukoo wanawake huandikwa kwa herufi ndogo pembeni, na bado mara mbili, kwa Bess na kwa Charlotte, mali kubwa kabisa iliingia kwa mkono wa mwanamke.

Duke wa Tano alimwoa Georgiana Spencer mwaka 1774. Georgiana ni maarufu hata leo: uzuri, mavazi, kampeni zake mitaani mwaka 1784 za kumpigania mwanasiasa Charles James Fox katika uchaguzi wa Westminster, kamari iliyomletea madeni aliyomficha mumewe kwa miaka mingi. Nimejizuia nisiandike sura ya uvumi. Linalohusu kitabu changu ni shinikizo lililomkalia. Alizaa mabinti wawili, mwaka 1783 na 1785, na hawakuhesabika katika hati. Mtoto wa kiume alizaliwa Paris mwezi Mei 1790, miaka 16 baada ya harusi. Mwaka 1792 Georgiana alimzaa binti mwingine, wa mpenzi wake Charles Grey, akamwachia familia ya Grey amlee, kwa kuwa kukataa kungemaanisha kutengwa na watoto wake wengine. Nimeandika ukurasa huo mara tatu, na kila mara nimeona kwamba hati iliyoilinda mali kwa uangalifu mkubwa haikuwa na mstari hata mmoja wa kumlinda mama huyu.

Tarehe 8 Machi

Duke wa Sita hakuoa. Kwa miaka 47, kutoka 1811 hadi 1858, alitumia fedha za ukoo kwa maktaba, sanamu na bustani, na bahati yake kubwa ilikuwa kumwajiri mwaka 1826 kijana Joseph Paxton awe mkuu wa bustani za Chatsworth. Paxton alijenga nyumba kubwa ya kioo ya mimea ya nchi za joto, mwaka 1844 akajenga chemchemi ya kurusha maji yenye uwezo wa kufika karibu mita 90 kwa ajili ya ziara ya mfalme wa Urusi ambaye hakuja, na mwaka 1851 akabuni lile jumba la kioo la maonyesho makubwa ya London. Katika nyumba za mimea za Chatsworth aliotesha pia mgomba mfupi uliotoka Mauritius, ukazaa, ukapewa jina la ukoo. Wamisionari waliyapeleka machipukizi yake hadi visiwa vya Pasifiki. Baada ya ugonjwa wa Panama kuiangamiza aina ya Gros Michel kibiashara katikati ya karne ya 20, ndizi za Cavendish ndizo zilizojaza meli za biashara ya kimataifa, na hadi leo ndizo nyingi kupita zote sokoni humo. Kwa wanafunzi, hili huenda likawa mlango rahisi kuliko yote wa kuingilia katika historia hii.

Duke wa Saba, binamu wa mbali kidogo aliyekipata cheo kwa sababu wa Sita hakuacha mtoto, alikuwa mwanahisabati na mkuu wa Chuo Kikuu cha Cambridge. Alitoa fedha za kujenga maabara ya fizikia iliyofunguliwa mwaka 1874 kwa jina la Cavendish, akaendeleza miji ya Eastbourne na Barrow-in-Furness, na akaacha madeni makubwa viwanda vya Barrow vilipozorota. Mwanawe wa pili, Lord Frederick, aliuawa kwa visu katika bustani ya Phoenix, Dublin, tarehe 6 Mei 1882, muda mfupi tu baada ya kuwasili kuwa waziri wa mambo ya Ireland. Wa Nane alikataa mara tatu kuwa Waziri Mkuu. Alifariki mwaka 1908 bila mtoto wa ndoa, na cheo kikamwendea mpwa wake Victor.

Tarehe 22 Machi

Hatimaye nimefika kwa yule aliyeulizwa darasani. Victor Cavendish, Duke wa Tisa, alipokea Chatsworth pamoja na bili. Kodi ya mirathi ilikuwa imeanzishwa mwaka 1894, na ukoo ulidaiwa zaidi ya pauni 500,000. Aliuza vitabu adimu kwa tajiri wa Marekani. Baada ya Vita vya Kwanza vya Dunia aliuza Devonshire House, jumba la ukoo katika barabara ya Piccadilly, likabomolewa mwaka 1924. Malango yake ya chuma leo yamesimama Green Park. Mwaka 1929 Chiswick nayo ikauzwa. Alikuwa Gavana Mkuu wa Kanada kutoka 1916 hadi 1921, na Oktoba 1922 akateuliwa Waziri wa Makoloni. Alikaa katika kiti hicho hadi Januari 1924, na katika kipindi hicho kifupi waraka unaobeba jina lake ukatolewa, Julai 1923. Tahadhari moja kwa wanaonakili: nambari ya waraka huo katika mfululizo wa serikali ni 1922, na mimi mwenyewe niliwahi kuiandika ubaoni kana kwamba ndiyo mwaka.

Waraka wenyewe ulihusu Wahindi wa Kenya. Kwa sensa ya mwaka 1921 Wazungu walikuwa chini ya 10,000, Wahindi karibu 23,000, na Waafrika walikadiriwa kuwa zaidi ya milioni 2. Walowezi, wakiongozwa na Lord Delamere, walitaka kujitawala. Wahindi walitaka daftari moja la wapiga kura na haki ya kununua ardhi katika Nyanda za Juu. Baadhi ya walowezi walikuwa wamefikia kupanga kumteka gavana. Wajumbe wa pande zote mbili walisafiri kwenda London. Waafrika hawakuwa na mjumbe wao. Aliyekwenda kuwasemea alikuwa mmisionari, Dakta John Arthur, huku Harry Thuku akiwa kizuizini Kismayu tangu mwaka uliotangulia.

Walowezi walinyimwa kujitawala, lakini Nyanda za Juu zikabaki zao. Wahindi walipewa daftari lao pekee na viti vitano, Wazungu wakiwa na kumi na moja, na Waarabu wa Pwani wakapewa kimoja. Waafrika walipewa ile kauli maarufu, kwamba Kenya kwanza ni nchi ya Waafrika, na kwamba maslahi yao yakigongana na ya wahamiaji, yao yawekwe mbele. Baraza la kutunga sheria lilimpata mjumbe wa kwanza Mwafrika, Eliud Mathu, mwaka 1944.

Nimeusoma tena waraka huu kwa macho mapya, baada ya miezi miwili ya hati za Derbyshire, na neno moja limenisimamisha. Serikali inasema inaitawala Kenya kama mtu aliyeshika mali kwa niaba ya Waafrika, na kwamba haiwezi kumkabidhi wala kumshirikisha mwingine dhima hiyo. Kwa Kiingereza neno lililotumika ni lilelile ambalo mawakili wa ukoo wa Cavendish walilitumia kwa mali iliyoshikwa na wadhamini kwa ajili ya mwenye zamu. Kwa Duke wa Tisa halikuwa tamathali. Yeye mwenyewe aliishi ndani ya hati za namna hiyo, na alijua kila fungu lake. Lakini katika hati za kwao mnufaika alitajwa kwa jina, alijulikana lini atafikia utu uzima, na aliketi mezani kutia sahihi. Katika waraka wa 1923 mnufaika hakuitwa mezani, hakutajiwa mwaka wa kukabidhiwa, na sehemu nono ya ardhi iliwekwa kando kwa ajili ya wengine katika karatasi hiyohiyo. Miaka 27 nilisomesha kwamba waraka ule uliwapendelea Waafrika kwa maneno na walowezi kwa ardhi. Sasa naweza kumwonyesha mwanafunzi kwamba walioutoa walijua barabara jinsi hati ya amana inavyoandikwa pale inapokusudiwa itekelezwe.

Katika tafsiri nimetumia amana kwa waraka na wakfu kwa mali za ukoo, na nimeweka maelezo kwamba kwa Kiingereza ni neno moja. Sura ya sita imefika kurasa 24, ndefu kuliko zote, na siipunguzi.

Tarehe 3 Aprili

Sura ya saba, ambayo haikuhitaji kutiwa chumvi. Kifungua mimba wa Duke wa Kumi, Billy Hartington, alimwoa Kathleen Kennedy, dada wa John F. Kennedy, mwezi Mei 1944, akauawa vitani Ubelgiji Septemba mwaka huohuo. Urithi ukamgeukia mdogo wake Andrew. Mwaka 1946 Duke wa Kumi aliihamisha sehemu kubwa ya mali ili kuepuka kodi ya mirathi. Sheria ilitaka aishi miaka mitano baada ya hapo. Alifariki ghafla Novemba 1950, miezi michache kabla ya muda kutimia, na serikali ikadai asilimia 80.

Andrew, Duke wa Kumi na Moja, na mkewe Deborah walilipa kwa ardhi na kwa sanaa. Kitabu cha michoro cha Claude Lorrain kilikwenda kwenye Makumbusho ya Uingereza mwaka 1957. Hardwick Hall, jumba la Bess lenye herufi za jina lake juu ya minara, liliachwa mikononi mwa serikali na mwaka 1959 likakabidhiwa shirika la hifadhi la taifa. Chatsworth iliokolewa. Mwaka 1981 iliundwa taasisi ya hisani iliyopangishwa jumba na bustani kwa muda mrefu, ikilitunza kwa viingilio vya wageni, na ukoo unaishi humo kwa kulipa pango. Nilipomsomea yule mzee sehemu hii alitaka kujua mutawali, yaani msimamizi wa wakfu, ni nani na hesabu husomwa na nani. Maswali yake yamenilazimu kuongeza aya mbili kuhusu wadhamini.

Tarehe 10 Aprili

Jedwali la ukoo limechorwa mara ya pili. La kwanza lilikuwa mstari mmoja wa baba na mwana kutoka juu hadi chini, nalo si sahihi: mstari unakatika baada ya Duke wa Sita, unakatika tena baada ya wa Nane, na unahama kutoka kwa kaka kwenda kwa mdogo mwaka 1944. Wa Kumi na Mbili, Peregrine, amekishika cheo tangu 2004. Majina ya Bess, Charlotte na Georgiana sasa yameandikwa kwa herufi zenye ukubwa sawa na za wanaume, na kando ya kila ndoa nimeorodhesha nyumba na ardhi iliyoingia kwayo.

Rasimu ya sura ya sita nimewapelekea wawili kati ya wanafunzi wangu wa zamani, ambao sasa wanasomesha historia, waisome na vidato vyao kabla ya likizo kumalizika. Nimewaomba waniandikie maswali yatakayoulizwa, yote, hata yale yanayoonekana kuwa nje ya mtihani.